Pua ya Jikoni

Jumatatu, 3 Machi

Mafua yameisha, kifua kimefunguka, nimerudi kazini. Pua tu ndiyo haijarudi. Asubuhi nimeponda kitunguu saumu — hakuna. Nimekisugua kwenye vidole, vidole nimevitia puani kabisa — hakuna! Nikasema labda kitunguu chenyewe kibovu. Nikafikicha rihani viganjani. Hakuna. Rozmari, hakuna.

Tambi nimekata vizuri tu. Unga na mayai havihitaji pua, namshukuru Mungu. Unakanda mpaka donge liwe laini kama ndewe ya sikio, unalifunika lipumzike, unalisukuma, unalikunja, unakata. Mikono inajua yenyewe. Lakini mchuzi! Mchuzi wangu wa nyama na majani naujua kwa pua. Nafunua kifuniko, navuta pumzi mara moja, najua kimepungua nini. Ndiyo maana nilipiga marufuku kuonja jikoni mle. Mtu akichovya kijiko kwenye sufuria yangu namfokea mbele ya watu. Hata muosha vyombo wetu — tunamwita Redio, maana akiwashwa asubuhi hazimwi mpaka jioni — hata yeye sufuria zangu anazipitia mbali. Wahudumu wapya anawaonya: hapa haonji mtu, dada ndiye pua.

Leo nimefunua kifuniko, nimevuta pumzi, nimetikisa kichwa kama mtu aliyesikia kitu. Nikasema ongezeni rihani kidogo. Uongo mtupu. Wakaongeza.

Jumanne, 4 Machi

Bado. Nimejifukiza maji ya moto mpaka uso umeiva. Na ulimi umefuatana na pua, chumvi naipata, sukari naipata, vingine vyote ni pamba. Mume wangu anasema itarudi, kuna mwenzake kazini ilimrudia. Na isiporudi? Basi utapikia macho, anasema, akacheka. Sikucheka.

Shangazi kaja na habari. Ndiye mwenye mkahawa, si shangazi wa yeyote pale, ila nilikuta anaitwa hivyo nami nikadandia. Jumapili mama yake anatimiza miaka themanini. Ukoo wote unakuja, kuanzia vikongwe mpaka vichanga vya kubebwa. Bibi meno yamemwishia, kwa hiyo anataka tambi zangu za mkono, laini, na mchuzi ule ule. Shangazi kanishika bega: usiniangushe, mwanangu. Nikamjibu nitakuangushaje mimi!

Ningemwambia pale pale. Mdomo ulishafunguka. Halafu nikamkumbuka mpishi aliyenitangulia, yule aliyevunjika mkono. Alipewa pole, akapewa likizo, na mimi nikapewa aproni yake.

Alhamisi, 6 Machi



Leo sikuwa na zamu. Nikasema nijaribu kupika mchuzi nyumbani kwa mazoea tu, kwa macho, kama alivyotania mume wangu. Maji ya tambi nikayabandika. Mimi nikageukia meza, nakata, naimba hata! Kitinda mimba wetu kalala kwenye mkeka hapo hapo, miguuni pangu. Maji yakachemka, yakafurika, yakazima moto. Sikuona. Gesi ikaendelea kutoka.

Mume wangu kaingia kwa kelele. Kaniruka, kazima, kabeba mtoto, kapiga teke mlango wa nyuma. Anasema harufu aliikuta kwenye ngazi. Kwenye ngazi! Na mimi nilikuwa nimeshika kiberiti. Nilikuwa ndiyo kwanza nataka kuwasha jiko la pili nibandike mchuzi. Kijiti kilikuwa nje tayari.

Mtoto mzima. Kaamka analia njaa tu.

Tulikaa nje ukutani. Baadaye mume wangu akasema, taratibu, waambie kazini. Kesho. Nikasema kesho.

Ijumaa, 7 Machi

Sijasema.

Shangazi alikuwa juu ya stuli anatundika maua ya karatasi, anaimba. Ningeanzia wapi? Nyumbani nimeulizwa, umewaambia? Nimejibu ndiyo. Akanikumbatia. Nimejiona mdogo kuliko kijiko.

Jumamosi, 8 Machi

Tambi tayari. Masinia manne, nimezinyunyizia unga, zimelala zimejiviringa. Nzuri! Kwa hizo sina wasiwasi.

Nyama nayo imeletwa. Muuza nyama kaisaga mara mbili, mbele yangu, bado ya moto moto kutoka kwenye mashine. Nimeitia kwenye beseni, nimeifunika, nimeiweka friji. Mchana umeme ukakatika. Nimekataza mtu kufungua mlango wa friji. Tumefunga mkahawa umeme bado haujarudi. Shangazi kaniuliza, nyama itafika kesho? Nikasema asubuhi nitainusa, Shangazi, usijali. Akasema ndiyo maana nalala usingizi.

Mimi sidhani kama nitalala.

Jumapili, 9 Machi

Niko stoo. Nimekalia gunia la unga, mlango nimeukomea kwa ndani. Nimewaambia nafuata chumvi.

Niandike kwa utaratibu, labda nitaelewa.

Asubuhi friji lilikuwa linanguruma. Umeme ulirudi lini? Mlinzi hajui, anasema taa yake huwa haizimwi na haiwashwi, ilishaungua siku nyingi. Nimetoa beseni. Juu nyama ni nyekundu. Nimeichimba kwa mkono, ndani imeingia kijivu. Lakini nyama ya kusaga huwa hivyo. Si huwa hivyo? Imepoa, nikasema, basi haikupata joto. Na friji likipoza kitu kilichoharibika hakitapoa vile vile? Nikainama, nikavuta pumzi mpaka kichwa kikauma. Hakuna. Redio alikuwa kwenye karo, kaacha kusugua, ananitazama anasubiri hukumu.

Nikasema, haya, twende kazi.

Nikakaanga vitunguu, nikatia nyama, ikavuta maji yake, ikakauka. Nyanya. Rozmari, rihani, majani yote niliyokuwa nayo, mara mbili ya kawaida. Kwa nini mara mbili? Mkono uliongeza wenyewe. Kisha moto mdogo, asubuhi nzima.

Wageni wamejaa. Bibi kakaa katikati, kitambaa kifuani, kijiko kakishika tangu alipokalishwa. Kuna mjukuu wake mjamzito. Kuna mtoto anayetambaa, wanampitisha mikono kwa mikono juu ya meza. Nimewaona wote kupitia dirisha la kutolea chakula.

Maji ya tambi yalikuwa yanachemka. Redio anasugua lile beseni la nyama, anaongea kama kawaida yake, mara viatu vya wifi yake, mara mvua. Halafu, hata hakuinua kichwa, akauliza, dada, yale majani mapya ya leo ni ya nini?

Majani gani?

Si hayo yenye kaharufu ka uchachu. Asubuhi ulipofunua nyama niliyasikia mpaka huku kwenye karo.

Asubuhi nilipofunua nyama majani yote yalikuwa bado kwenye kikapu, nje, mlango wa nyuma, sijayagusa.

Nikamwambia, na hukusema? Kanishangaa kweli kweli, povu limemjaa mikononi. Niseme nini, dada, na wewe umeinusa mbele yangu?

Nikampa kijiko. Onja. Akarudi nyuma, akacheka, akidhani namtega. Mimi? Kwenye sufuria yako? Umenikosa, dada, leo simo! Nikamwambia onja, tafadhali. Nadhani hajawahi kunisikia nikisema tafadhali. Kicheko kikamwisha. Akachovya ncha tu, akaweka ulimini.

Tamu, kasema.

Tamu kweli?

Tamu, dada. Kafuta mdomo kwa kiganja, mara ya kwanza, mara ya pili. Ila mimi najua nini? Sijawahi kuuonja, sijui huwaje.

Hajawahi kuuonja! Miaka yote tumesimama pamoja, na hajui mchuzi wangu unavyotakiwa kuwa. Hakuna anayejua mle ndani. Nilihakikisha mwenyewe.

Ndipo nikaja huku.

Labda nyama ni nzima. Labda Redio kasikia harufu ya karo, karo lile nalo lina yake. Nikitoka nikasema msile, nitaulizwa kwa nini, na jibu ni moja tu, halafu aproni ina mwenyewe mwingine. Bibi atakula mkate siku yake ya themanini. Na kama nyama ilikuwa nzima? Nitakuwa nimejizika kwa bure. Na kama si nzima... yule anayetambaa hana hata meno, watampondea kwenye kijiko. Alhamisi mwanangu alikuwa miguuni pangu na mimi naimba.

Naogopa. Mungu wangu, naogopa.

Nina ubao tu hapa katikati, nasikia kila kitu. Shangazi kaingia jikoni. Anauliza niko wapi. Redio anasema stoo, chumvi. Kifuniko kimefunuliwa, nimekisikia kikigonga ukuta. Shangazi anasema, mbona mchuzi leo una harufu nyingine kidogo?

Sema, Redio. Sema wewe, nakuomba.

Redio anasema, ni majani mapya hayo, Shangazi. Nyama dada ameshainusa.

Shangazi anacheka. Basi! anasema. Pakueni, Bibi ana njaa.

Upawa umegonga sahani. Ya kwanza ni ya Bibi, huwa wanaanza na —