Namwonea Wivu Mume wa Mke Wangu, na Mume Mwenyewe ni Mimi

Shangazi mpendwa, kaa chini kwanza ndipo unisome, maana nakuomba msaada nikiwa nimesimama, kiti changu kimekaliwa na mimi mwenyewe.

Mimi ni mkamataji mkuu katika Idara ya Kuzuia Mkanganyiko wa Wakati, na si kujisifu ila ni kweli, miaka kumi na minne sijakosea hata dakika, shule niliiacha darasa la sita lakini maprofesa wa idara wananiita Bwana Saa, kazi yetu ni kuwazuia watu wanaotoroka kwenda jana kurekebisha mambo yao, maana ukiigusa jana leo inabomoka, nimemvuta kwa kola bwana harusi aliyerudi kuifuta posa yake mwenyewe, nimemtoa mwalimu chini ya dawati alikokwenda kujinong'onezea majibu ya mtihani wake wa zamani, yaani karne nazitembea kama wenzangu wanavyotembea sokoni.

Sasa sikia balaa. Ijumaa hii natumwa miaka arobaini nyuma, nikae huko miezi miwili nikilinda barua ya posa ambayo mjukuu mmoja mwenye hasira anataka kuichana, na ikichanika yeye mwenyewe hazaliwi, kisha nirudi Ijumaa hiyohiyo jioni. Lakini Jumatano ya wiki iliyopita nakula zangu chakula, mlango ukafunguka, nikaingia! Mimi wa baada ya safari, kakonda, kafuga ndevu, kapindisha mshale wa kurudi wa mtambo wetu wa safari akatua siku tisa kabla sijaondoka. Nikamwuliza, "Bwana mkubwa, umekoseaje, wewe bingwa?" Akacheka tu. "Utajua." Na kanuni ya idara inasema mtu akirudi kabla hajaondoka, wote wawili wakae nyumba moja, wasizurure mitaani wakashtua watu.

Shangazi, mke wangu ni mshonaji, anainamia cherehani tangu asubuhi, na huyu mtu hata hajakaa akamwuliza, "Mgongo unaendeleaje, mama?" Mgongo! Mimi sikujua kama ana mgongo! Tangu hapo anamshikia kitambaa, anamsikiliza visa vya wateja mpaka mwisho, mke anacheka mpaka anashika ukuta, mimi ananiita "wewe" na yeye anamwita "mume wangu". Mama mkwe alikuja Jumapili, akatutazama wote wawili, akasema, "Binti yangu nilimwozesha kwa huyu mwenye ndevu. Huyu mwingine katokea wapi?"

Nimewaza jambo baya. Nisipopanda mtambo Ijumaa, yeye hatakuwepo kamwe, atafutika kama chaki. Lakini hilo ndilo kosa ninalowakamatia wenzangu, na mkuu wangu anasema nyumba ya kwanza kukorogeka itakuwa yangu. Na nikienda, namwachia jamaa mke wangu moja kwa moja. Nifanyeje?

Mimi, yule wa kwanza, halisi.

SHANGAZI ANAJIBU

Bwana Saa, pole, halafu aibu. Pole kwa sababu inauma kushindwa na mtu mnayevaa naye kiatu kimoja. Aibu kwa sababu umeandika barua nzima na hujataja mkeo anasema nini. Umemwuliza? Hukumwuliza. Ulikuwa unasimulia karne.

Hakuna mwanamume mwingine hapo. Ni wewe, umekaa miezi miwili unalinda barua ya watu wanaopendana, huna wa kumpigia domo, ukaanza kukumbuka yaliyoko nyumbani. Na ule mshale? Bingwa hakosei siku tisa. Aliiona Ijumaa iko mbali mno, basi.

Ukibaki hufuti mshindani. Unamfutia mkeo siku tisa alizocheka, na hata hatajua kwamba amezipoteza. Ndiyo zawadi unayotaka kumpa?

Tena nikwambie kitu. Siku moja kabla ya barua yako kunifikia ilifika nyingine, mwandiko uleule wa kukwaruza: "Shangazi, asante kwa majibu. Ila hapo katikati mgombeze zaidi, mimi ni mbishi." Haya, nakugombeza: baba mzima unanunia kioo! Acha upuuzi!

Leo Alhamisi, ukishalikunja gazeti hili, kaa kando ya cherehani ufunge mdomo mpaka mkeo amalize kisa kimoja, chote, hata kile cha mteja aliyenenepa kati ya kupimwa na kuvaa. Kesho nyoa vizuri, chukua begi lako, panda mtambo. Mlangoni utawakuta wamesimama wote wawili kukuaga. Usimnunie yule bwana. Mpe mkono, umwambie, "Nitunzie mke wangu." Ataupokea kwa mikono miwili, maana duniani kote hakuna mwingine anayejua maneno hayo yalivyokutoka kwa shida.