Siku Ile Mama Sechelela Alikuwa Kwangu

Mpwapwa, Jumanne. Manyunyu tangu alfajiri, na vilima vya upande wa Kibakwe vimejifunika mawingu. Nimerudi kutoka bomani nimelowa, wala sina hamu ya kula.

Acha niandike kabla moyo haujaanza kunitetea.

Nina shamba bondeni, karibu na kijito. Marehemu baba alimpa mume wa Mama Sechelela sehemu ya shamba hilo alime, na kila mavuno atuletee kapu la mtama. Mume akafariki, mvua ikakataa, misimu miwili kapu halikuja. Nikaitamani ile sehemu. Nikaenda kumshtaki mjane kwa akida, ambaye ndiye anayeamua mashauri ya huku kwetu kwa niaba ya Wadachi.

Siku ya baraza nilimnong'oneza akida kwamba mama hajaitwa. Akanijibu, "Mjane yule atasema nini nisichokijua?"

Nikarudi kuketi mahali pangu. Akahukumu mama atoke shambani.

Mama Sechelela hakukubali. Alikwenda kwa miguu hadi bomani, akaketi mlangoni mpaka Bwana Shauri, yule Mdachi mwenye wilaya, akakubali kuipitia upya hukumu ya akida. Leo tumeitwa sote.

Bwana Shauri aliuliza jambo moja tu, kwa kinywa cha mkalimani: huyu mama alisikilizwa? Akida akasema aliitwa, akakaidi. Mkalimani akanigeukia.

"Ndiyo, Bwana," nikasema. "Aliitwa."

Lilinitoka kwa wepesi, kama mtu anayeitikia salamu.

Mama Sechelela akainuka, akakaza kaniki yake. Hakupaza sauti. "Bwana, sina maneno mengi. Muulizeni huyu mwanangu, siku ile ya baraza mimi nilikuwa wapi."

Mwanangu. Bado ananiita hivyo.

Mkalimani akauliza. Nikainamisha kichwa.

"Alikuwa kwangu."

Maana siku ile mke wangu alishikwa na uchungu, na mkunga wetu ni yeye. Nilimwacha nyumbani kwangu akimkanda mke wangu mgongo, nikaenda kumnyang'anya shamba. Niliporudi na ushindi wangu, alinipokea mlangoni kwa vigelegele, akaniwekea binti yangu mikononi. Kisha akasonga ugali, kwa kuwa mwenye jiko alikuwa amelala. Nikala. Sikumwambia neno.

Pale bomani mtu mmoja nyuma yangu alicheka. Kicheko hicho bado kiko masikioni mwangu.

Bwana Shauri akaifuta hukumu. Akasema mtu haondolewi shambani kabla hajapewa nafasi ya kusema. Shauri litasikilizwa upya mwezi ujao, mbele yake, na mpaka hapo mama aendelee kulima. Akida alikaripiwa hadharani. Mimi sikuambiwa kitu. Afadhali nami ningekaripiwa.

Wadachi hawa walikuja kututawala bila kutuuliza. Leo Mdachi ndiye aliyeuliza swali ambalo mimi, jirani, sikutaka liulizwe.

Nilizunguka njia ya mbali ili nisiongozane na mama. Nilipofika nikamkuta uani kwangu, kamlaza mtoto juu ya miguu yake, anampaka samli.

"Mbukwa," akanisalimu kwa Kigogo, kama siku zote.

"Shikamoo, mama."

Sikuweza kupita mbele yake kuingia ndani. Nilisimama kwenye manyunyu, nikijifanya natazama mbuzi, mpaka akamaliza, akaaga, akaenda zake. Habari za bomani hakumgusia mke wangu hata kidogo.

Nimemweleza mwenyewe. Mke wangu alinisikiliza huku ananyonyesha, hakunikatiza. Mwishowe akauliza:

"Na ule ugali wake ulikushuka?"

Ulinishuka. Hilo ndilo linaloniumiza kuliko yote. Niliula wote, nikaomba wa kuongezewa.

Mwezi ujao ni mbali, siwezi kuungoja. Kesho nitakwenda kwake mchana, majirani wakiona, kwa sababu nilimshtaki mbele ya watu. Nitamwambia shauri nimeliacha na shamba alime. Nitamwambia pia nilijua yuko wapi siku ile.

Akikataa kunisikiliza, nitaelewa. Ninachoogopa ni kwamba atanisikiliza.