Mchanga wa Samaki Wako Siugusi Tena

Dada Aneth,

Samaki wako wazima. Naanza na hilo kwa sababu najua ungewaulizia wao kwanza, kabla hata ya mwanao.

Hapana, nakusingizia. Nimechoka tu. Tangu tukuzike nimekuwa mtu wa kuinuka na kukaa, kuinuka na kukaa, naweka chai jikoni naisahau mpaka sufuria inaungua. Glory nimemchukua kule kwako Levolosi, yuko kwangu Kwa Mrombo. Alikataa katakata kupanda gari bila tangi lako la kioo. Makombe ya konokono aliyabeba mwenyewe kwenye ndoo ya maji, samaki wakiwa humo humo ndani.

Unakumbuka nilivyokucheka ulipoagiza samaki hao kutoka Kigoma? Hawazidi kidole gumba, kila mmoja na kombe lake, na mtu akisogea tu wote wanazama ndani. Nikasema umeuziwa makombe matupu. Ukanijibu kwamba maji yetu ya magadi, yanayotupaka meno rangi ya chai, yanafanana na ya ziwa lao. "Angalau kuna mtu anayeyafurahia maji ya Arusha."

Sasa sikia vituko. Wewe unanijua, siwezi kuvumilia kitu kilichokaa shaghalabaghala. Kila Jumamosi nasafisha tangi, nasawazisha mchanga mpaka unakuwa kama ua uliofagiliwa, napanga makombe mstari mmoja. Jumapili tukitoka kanisani nakuta wamechimba mashimo, wamerundika vichuguu, makombe yamefukiwa yamebaki midomo tu. Nasawazisha tena, wanachimba tena. Nimewatukana, dada, na Biblia bado iko kwapani.

Na mwanao ni hivyo hivyo. Nimemchongeshea kitanda kizuri, nikatandika shuka mpya. Hakigusi. Ameburuta godoro chini ya meza ya tangi, akatundika kitenge chako cha zambarau kiwe pazia, ndimo anamoshinda na ndimo anamolala. Akienda shule nakitoa, nakikunja, narudisha godoro kitandani. Jioni pazia limerudi.

Halafu bibi yake wa Machame kapiga simu. Amesikia mtoto hajatulia kwangu, wiki ijayo anakuja kumchukua. Naogopa, dada. Glory akiondoka nitakuwa nimekuzika mara mbili.

Jana nilikuwa nimeshazamisha mkono kwenye tangi, tayari kusawazisha. Glory akachomoka kwenye pazia lake, akanishika kiwiko.

"Mama mdogo, usiguse. Ana watoto."

Nikachungulia. Kwenye mdomo wa kombe lililofukiwa kulikuwa na vitu vidogo kama punje za ulezi, vina macho. Na mama yao, yule niliyekuwa namvunjia nyumba kila Jumamosi, akanijia akaniuma kidole. Mdogo vile! Nikautoa mkono kwa aibu.

"Siyo uchafu," Glory akasema. "Wanachimba ili wasiogope."

Nikakaa sakafuni nikalia. Makaburini sikulia, nilikuwa nahesabu kichwani sahani za wageni. Kisha nikainua kitenge chako, nikajipenyeza chini ya meza na mwili wangu huu wote, kichwa kikagonga ubao. Kule ndani kunanukia wewe. Glory alinitazama kidogo, halafu akasogea kunipa nafasi.

Sijatulia bado, sitaki kukudanganya. Hata sasa nimeinuka mara tatu kwenda kuchungulia vile vitoto. Lakini nakuahidi, mchanga wao siugusi tena, na kitenge sikitoi wala sikifui. Bibi akija nitamwamkia, nitampa chai, halafu nitamfunulia pazia aingie aone mwenyewe mtoto anavyokaa. Tukibanana, tunaenea watatu.

Pumzika, dada yangu. Wanao wote nipo nao.

Mdogo wako