Kumkumbuka Dorotea Nkwabi, Mwalimu Aliyehamia Televisheni

Leo umetimia mwaka mmoja, Dorotea, tangu homa ya siku nne ilipokuondoa kwetu hapa Igogo, tarehe 14 Agosti 1998.

Bado tunakusikia ukisema "kata" ili kamera isimame. Wenzako walipaza sauti, wewe uliitamka taratibu, kama anayeomba radhi. Na kabla ya kuwasha kamera ulimpa mgeni chai. "Akishika kikombe," ulituambia, "mikono inapata kazi, woga unapungua."

Ulipoacha ualimu mwaka 1994 ukajiunga na kituo kipya cha televisheni, chumba kimoja chenye mablanketi dirishani kuzuia kelele za barabarani, baba yako, Mzee Nkwabi, alikasirika mno. "Nimeuza ng'ombe usome, leo unaacha kazi ya serikali ukachezee mashine?" Miaka miwili hakuitikia shikamoo yako. Ulirudi kutoka kwake Kisesa macho mekundu, ukasema ni vumbi.

Kisha ukatayarisha kipindi cha wafugaji, ukaenda kurekodi mnadani hapohapo Kisesa. Mzee akakupa mgongo. Hukumlazimisha. Ulirekodi wenzake, ukawaacha waeleze wenyewe jinsi ng'ombe wanavyokufa tangu josho la kuwaogeshea dawa ya kupe lilipofungwa.

Siku kilipoonyeshwa, watu walijaa kwenye duka la jirani lenye televisheni. Mzee alisimama mlangoni kama mpita njia. Mwishoni majina yakapita, na Chenge, mdogo wako, akasoma kwa sauti:

"Mtayarishaji na mwongozaji, Dorotea Nkwabi."

"Nkwabi yupi?" Mzee akauliza.

"Ni wewe, baba. Jina lako hilo."

Akavua kofia. "Waambie warudie."

Jumapili iliyofuata alikuja Igogo na kibuyu cha maziwa ya mgando. Ulipomwamkia akaitika, "Marahaba, mwanangu," nawe ukakimbilia jikoni kulia.

Mwezi uliopita tulikwenda kituoni kuomba kanda ya kipindi kile. Wakatuambia kanda zilikuwa chache siku zile. Walisharekodi kingine juu yake. Tulimpelekea Mzee habari hiyo kwa hofu. Akasema, "Basi. Mimi nilikiona."

Unakumbukwa na mumeo Cleophace Byabato, binti yako Nice, mdogo wako Chenge, na baba yako, ambaye siku hizi akiulizwa ana watoto wangapi anaanza na wewe.

Maadamu tupo, Dorotea, hutatutoka moyoni.