Nani Anapaka Malori kwa Jina la Baba?

Miritini, Mombasa

Mama yangu,

Mulembe sana. Mgongo bado unakusumbua, au siku hizi unainama shambani bila kulalamika? Na Baba anakula? Mimi ni mzima wa mwili, ila sina amani. Naandika ili usinikatie simu kama Jumapili.

Mama, kuna mtu hapo mpakani Malaba anapaka malori kwa jina la Baba. Kiharusi kilipomnyang'anya mkono wa kulia na sauti, alinikabidhi brashi zake mbele ya madereva wote. Barabara hii nzima inamjua kwa maandishi yake, na wa kuyaendeleza ni mimi. Hata kosa lake nalitunza: yeye aliandika KARI badala ya GARI, vile alivyotamka, na madereva huku wananikatalia nikiandika sawasawa. Wanadai KARI haikwami mpakani.

Wiki jana likaja lori limeandikwa KARI YA MAMA, rangi bado inanuka. Si kazi yangu. Nikampigia Wandera.

"Aii, dada, mimi najua tu kubeba watu na boda," akajibu, akacheka.

Kicheko hicho nakijua tangu alipokuwa akituibia sukari. Anakaa na makopo ya rangi ya Baba, kila siku yuko mpakani, halafu hajui? Nikasema mdogo wangu ananipokonya jina. Hata wewe nilikushuku, Mama, kwamba mmeelewana kwa sababu mimi ni msichana na niko mbali. Iliniuma sana.

Jana likaja lingine. Dereva aliliegesha mlangoni kwangu.

"Dada, jamaa wa boda alisema nikuletee uone hii. Mimi nilikuwa nimelala kwa foleni ya Malaba. Kuamka, tayari imechorwa."

Nikazunguka nyuma nimejaa hasira. Maandishi yalinitaja kwa jina: NABWIRE RUTI NYUMBANI.

RUTI, Mama, si RUDI! KARI mtu yeyote anaweza kuiga. Lakini Wandera amesoma, hawezi kukosea neno jipya jinsi Baba anavyokosea. Nikasogea karibu. Herufi zote zimelalia upande mmoja kama za mtoto wa chekechea, na ile R ya RUTI imepakwa juu kwa juu mara tatu. Niliwashuku watu wote wa boma letu, nikasahau kwamba Baba ana mkono wa kushoto. Nililia hapo barabarani, dereva akanishika bega.

Sasa wewe na Wandera mna maneno ya kunijibu. Kama mlinificha ili mkono uzoee kwanza, sawa. Kama Baba ananiita kwa sababu nyingine mnayoificha, nitaijua nikifika. Natoka huku Ijumaa.

Nisalimie shangazi mshonaji, na mjomba katekista, asiache kutuombea. Wandera mwambie bado sijamsamehe, ila ahsante kwa kumbeba mzee.

Na Baba mwambie nimeisoma.

Mwanao,
Nabwire