Mikebe ya Susu Grete Haiendi na Mtu

Susu Grete,

Kuna maneno wiki hii, na usiposikia kwangu, nyanya yangu, utasikia kwa nani? Huku Kalama mvua imenyesha, mbaazi yako imetoa maua, na paka yako amehamia kwangu na madharau yake yote.

Sasa sikia. Alhamisi kumekuja mzungu na gari ya kukodisha. Ananiamkia, "Shikamoo, mama." Shikamoo! Mimi na miaka hamsini na mbili, yeye na upara! Nikaanza kumshuku hapo hapo. Ati baba yake ndiye yule dairekta mlikuwa mnatengeneza sinema pamoja kwenu Ujerumani, wewe ukikata na kuunga filamu, vita ikiisha. Ati anataka mikebe yako miwili ya filamu na daftari yako ya kazi, aandike historia ya baba. Ya baba! Yako hakuuliza.

Na hiyo hadithi naijua, si nimekufulia nguo miaka kumi na nane ukinisimulia? Vile dairekta alitupa kipande cha filamu, cha yule mama anamenya viazi akicheka peke yake, nyumba imebomolewa na bomu. Ukakiokota chini, ukakirudisha na gundi bila kumuuliza. Watu wakalia hapo tu. Zawadi akachukua yeye. Jina lako lilikuwa limepita mwanzoni, watu bado wanatafuta viti. Na wewe unacheka tu: "Mkataji mzuri haonekani." Aiee, Susu, mimi ndio nilikuwa nakasirika.

Basi nikampa muthokoi, mahindi ya kukobolewa na maharagwe, mgeni ni mgeni. Nikamletea mkebe mmoja, nimpime. Akasema, "Mimi pia ni mkataji wa filamu." Sawa. Akafungua, akashika filamu katikati na vidole vya mafuta! Na mimi wa kufua nguo ulinifundisha: glavu nyeupe, shika pembeni, usipumulie. Mkataji gani huyo? Nikampokonya kama mtoto ameshika kisu. Nikamwambia mkebe wa pili na daftari tulikuzika nazo.

Nisamehe. Sasa jana ameonekana kwa kaburi yako, anazunguka akiangalia udongo. Jirani yangu Mama Kioko anasema alikuwa anaomba. Maombi gani ya kupima na macho?

Pengine namwonea. Pengine ni mtu mzuri, kunawa tu ndio hajui. Lakini kwa daftari umeandika na mkono yako kila kipande ulirudisha. Ikienda na yeye... Susu, si utakuwa umekufa mara ya pili?

Pumzika. Akija mtu aulize Grete alikuwa nani kabla ya kuuliza mikebe iko wapi, nitamkalisha nimwambie yote mpaka aombe maji. Kabla ya hapo nimefunga mdomo, mimi huyu, hata kanisani hawaamini. Hata hapa sikuandikii nimeficha wapi. Barua ni kitu ya kuokotwa na mtu.

Wako,
Mama Mwikali