Sauti Isiyokuwa ya Madame Halyna

Jumanne, Novemba 1996. Mvua nyembamba tangu asubuhi, ile usiyoiona mpaka umeshalowa.

Naandika haraka. Mwandiko huu si wangu wa kawaida.

Leo Madame Halyna aliitwa kwa ofisa wa vibali. Ni mwigizaji wa filamu kutoka Kyiv. Alianza akiwa na miaka ishirini na mitatu, akaigiza wauguzi wa vita, mabibi harusi wa mashambani, mara moja malkia. Kisha dola lao likavunjika, studio ikafungwa, akaja huku Ulaya ya magharibi. Shule ndogo ya maigizo kule mtaa wa Forest inataka kumwajiri. Asipopata kibali, anarudishwa kwao.

Mimi ndiye karani niliyeandaa faili lake. Maître, wakili ninayemfanyia kazi hapa mtaa wa Ixelles, ana sheria moja: faili lisiwe na shimo. Madame alipoleta kaseti ya filamu yake ya kwanza kuwa ushahidi, niliitazama, kisha nikaandika katika barua ya kuombea kibali kwamba anazungumza na kuimba kwa sauti yake mwenyewe. Hakuwa ameniambia hivyo. Niliona mdomo ukifunguka, nikasikia wimbo, nikajaza shimo. Alitia sahihi bila kusoma kwa sababu nilimwambia kila kitu kiko sawa.

Nilimwambia kila kitu kiko sawa.

Ofisa aliicheza kaseti mbele yetu. Sauti ya msichana ikatoka, nyembamba kama filimbi. Kisha akamuuliza Madame maswali mawili, naye akajibu kwa sauti yake nzito yenye mikwaruzo.

"Huyu ni wewe kweli?"

"Uso ni wangu," alisema Madame. "Sauti waliweka ya mwingine, Moscow. Yangu walisema inanuka kijiji." Akacheka, peke yake.

Ndivyo walivyofanya huko, alieleza. Mwenye lafudhi ya Kiukraine alibaki na uso, maneno akasemewa na mtu asiyemjua. Ofisa akageuza barua yangu, akaweka kidole juu ya sentensi.

"Hapa mmesema vingine."

Kwenye korido Maître aliuliza nani aliandika hilo. Nikafungua mdomo. 

"Ni mimi nilimwambia hivyo huyu msichana," akasema Madame Halyna.

Nami nikanyamaza. Naandika hapa ili nisije nikajidanganya baadaye: nilinyamaza.

Tumepewa mpaka Alhamisi kueleza. Kosa likibaki lake, yeye ni mwongo na faili linafungwa. Likiwa langu, Maître atanifukuza, na mkataba wake ndio unaoshikilia kadi yangu ya ukaazi. Kadi inaisha Januari.

Mchana Maman Furaha, anayesafisha ofisi yetu, alinikuta chooni nalia. Ni wa Bukavu kama mimi.

"We mutoto, unalia juu ya nini? Na usimalize karatasi ya choo, ni mimi naipangaka."

Nilimweleza yote. Aliendelea kukamua kitambaa chake.

"Bon. Huyo maman, kule kwao watu walisema kwa pahali pake. Hapa na wewe ukasema kwa pahali pake. Leo yeye akasema kwa pahali pako. Alors, wewe utasema siku gani?"

 Aliniomba nisogeze miguu apige deki.

Nimeandika barua mbili kwa mkono, zinazofanana. Sentensi ile ni yangu. Bi. Halyna hakuisema, na hakuisoma kabla ya kutia sahihi. Jina langu liko chini, kamili.

Ya ofisa nimeitumbukiza kwenye sanduku la posta la barabara ya Chaussée de Wavre nikitoka kazini, makusudi, kabla Maître hajaona yake. Najijua. Ningelala nayo, ningeamka na sababu nzuri ya kuichana.

Ya pili iko ndani ya mkoba. Maître hufika saa tatu kamili asubuhi. Je, nibishe hodi kwanza, au niingie tu kabla miguu haijageuka?